Kaseti Inayojazwa Upya

Tarehe 21 Aprili 1989 kampuni ya Nintendo ilianza kuuza Game Boy, mashine ya gemu ya mkononi, nchini Japani. Kioo chake kilionyesha vivuli vinne tu vya kijani kilichofifia na hakikuwa na taa. Kifaa kizima kiliendeshwa na betri nne ndogo za AA. Washindani walikuja na vioo vya rangi vyenye mwanga: Atari na Lynx yake mwaka huohuo, Sega na Game Gear mwaka uliofuata. Vifaa hivyo viwili vilikula betri sita kwa saa chache, wakati Game Boy ilidumu zaidi ya saa kumi. Gunpei Yokoi, mhandisi aliyeongoza kazi ile, alichagua kwa makusudi vipuri vya bei nafuu vilivyokwishazoeleka viwandani.

Ukiitazama historia hiyo kutoka Naliendele, nje kidogo ya mji wa Mtwara, uamuzi wa Yokoi unaeleweka bila maelezo mengi. Huku kwetu betri ya redio ndiyo iliyokuwa umeme wa nyumba nyingi. Gesi iligunduliwa Mnazi Bay mwaka 1982, lakini mji ulibaki ukitegemea jenereta za dizeli hadi mitambo ya gesi ilipoanza kufua umeme miaka ya 2000. Daraja la Mkapa juu ya mto Rufiji lilifunguliwa mwaka 2003. Kabla ya hapo, masika yakikaza, barabara ya Dar es Salaam ilikatika na bidhaa zikasubiri meli. Kifaa cha mkononi kinachotumia betri zilezile za redio kingekuwa kimetengenezwa kwa ajili ya mahali kama hapa.

Hata hivyo, gemu iliyoenea pwani yetu haikuwa Game Boy halisi. Ilikuwa ile ya matofali yanayodondoka, kijifaa cha plastiki kilichoandikwa usoni kwamba kina gemu 9999. Nyumba zilizopata televisheni na umeme ziliona mashine za kuiga Famicom, mashine ambayo Nintendo yenyewe iliitoa mwaka 1983. Kaseti zake za njano au nyekundu zilijisifu kuwa na gemu mamia, nawe ukizifungua unakuta Contra, Super Mario na nyingine chache zilizorudiwarudiwa chini ya majina tofauti. Baadaye vikaja vibanda vya PlayStation, kiti cha ubao na foleni ya vijana wanaosubiri zamu zao. Watoto wengi wa Afrika Mashariki walijifunza gemu kupitia nakala, kwa sababu nakala ndiyo iliyofika. Nalisema hili mapema kwa kuwa historia ya kaseti ya flashi, kaseti moja inayofutwa na kujazwa gemu nyingine, mara nyingi husimuliwa kama historia ya wizi. Kwetu ni historia pana kuliko hiyo.

Ndani ya kaseti ya Game Boy kuna kibao chenye chipu inayobeba gemu. Chipu hiyo hupewa maudhui yake kiwandani, wakati wa kutengenezwa, na tangu hapo haibadiliki. Tetris, gemu ya Mrusi Alexey Pajitnov iliyouzwa pamoja na Game Boy huko Marekani, inatosha ndani ya kilobaiti 32. Gemu kubwa zaidi zilihitaji chipu ya pili ya kugeuza kurasa, kwa kuwa kifaa hakiwezi kuisoma kaseti kubwa yote kwa mara moja. Zile zinazokumbuka ulipofikia, kama Pokémon za mwaka 1996, zina memori ndogo inayolindwa na betri bapa ya saa iliyolehemiwa kwenye kibao. Betri hiyo ikiisha, safari yote ya mchezaji inafutika. Gemu inabaki, kumbukumbu zinaondoka. Kaseti nyingi za miaka ile zimeshafika hapo, na fundi redio yeyote mwenye mkono mtulivu anaweza kubadilisha betri, lakini hawezi kuyarudisha yaliyopotea.

Kulikuwa pia na mlinzi mlangoni. Game Boy ikiwashwa, programu ya baiti 256 iliyo ndani ya kifaa hutafuta nembo ya Nintendo kwenye kaseti na kuilinganisha na nakala yake. Zikitofautiana, kifaa kinasimama palepale. Ujanja wake ulikuwa wa kisheria kuliko wa kiufundi: yeyote aliyetaka kaseti yake iwake alilazimika kuibeba alama ya biashara ya Nintendo, na hapo akawa amejifikisha mwenyewe mahakamani.

Kilichofungua njia ya kaseti inayojazwa upya kilitoka kwa Mjapani mwingine. Fujio Masuoka, mhandisi wa Toshiba, aliwasilisha mwaka 1984 aina ya memori inayoweza kufutwa kwa umeme kwa mkupuo mmoja na kuandikwa tena, ikayashika maandishi yake bila betri. Memori hiyo hunasa chaji ndani ya chumba kidogo mno kilichozungushiwa kihami, chaji ikabaki humo hata umeme ukikatika. Memori kadi ya simu, flashi ya kompyuta na simu zetu zenyewe, vyote ni wajukuu wa kazi ile. Masuoka alilazimika kuishtaki kampuni yake ya zamani ili apate malipo ya haki, na mwaka 2006 wakamalizana kwa yeni milioni 87. Naona ni malipo madogo kwa mtu aliyeipa dunia nzima mahali pa kuweka picha zake.

Miaka ya 1990 kampuni ya Bung ya Hong Kong iliuza vifaa vya kunakili gemu za Nintendo, vikiwemo vya Game Boy vyenye kaseti ya kuandikwa upya. Nintendo ikaiandama mahakamani mpaka ikaacha biashara hiyo. Game Boy Advance ilipotoka mwaka 2001, kaseti za flashi ziliongezeka, ingawa zilikuwa ghali na zilihitaji waya maalumu wa kuziunganisha na kompyuta. Mageuzi makubwa yalikuja na mashine iliyofuata, Nintendo DS. Kadi iliyoitwa R4 ilikuwa na tundu la memori kadi ndogo ya simu, ile ambayo kila mtu tayari alikuwa nayo. Unakopi faili, unaichomeka, unacheza. Urahisi huo ndio uliowatisha wenye mali. Februari 2009 mahakama ya Tokyo ilizuia uuzaji wa R4, na Julai 2010 Mahakama Kuu ya Uingereza ikafuata. Sioni sababu ya kuwalaumu majaji hao. DS ilikuwa bado dukani, watu waliozitengeneza gemu zake walikuwa bado wanatafuta mshahara, na wengi walionunua R4 walitaka kukwepa kulipa.

Zilizonivutia mimi ni zile zilizokuja baadaye kwa mashine zilizokwishaachwa. Fundi wa Ukraine anayejulikana kwa jina la Krikzz alianza kutengeneza kaseti ziitwazo EverDrive, moja kwa kila mashine ya kale. Wachina wa EZ-Flash nao waliendelea na Game Boy Advance, kisha wakairudia Game Boy ya kwanza. Ndani ya kaseti za namna hii mara nyingi kuna chipu inayoweza kupangwa upya ijifanye chipu ile ya kugeuza kurasa, ya aina yoyote ambayo gemu inaihitaji. Unachagua gemu kwenye orodha, inasomwa kutoka memori kadi na kumwagwa kwenye memori ya haraka, halafu kaseti inajiwasha upya ikiwa imevaa sura ya kaseti halisi. Kifaa cha mwaka 1989 hakioni tofauti yoyote.

Kuitayarisha kaseti ya flashi si kazi kubwa, lakini ina mitego, na mtego wa kwanza ni memori kadi yenyewe. Madukani zimejaa zinazoandikwa gigabaiti 64 huku ndani zikiwa na 4. Kadi kama hiyo hukubali kila kitu, kisha inapoteza mafaili kimyakimya. Ipime kwanza kwenye kompyuta kwa H2testw au F3, programu za bure zinazoijaza kadi yote na kuisoma upya. Baada ya hapo ifomati kwa mtindo wa FAT32. Kadi kubwa kuliko gigabaiti 32 kwa kawaida hutoka kiwandani na mtindo mwingine, na kaseti nyingi haziusomi. Faili la mfumo la kaseti liwekwe pale hasa maelezo ya kaseti yanapoagiza. Likikosekana, utaona kioo cheupe au ujumbe wa kosa na utadhani kaseti ni mbovu.

Halafu kuna hewa yetu. Huku karibu na mdomo wa mto Ruvuma chumvi iko kwenye upepo, na shaba ya kaseti na ya tundu lake hushika kutu ya kijani. Ile desturi ya kupuliza ndani ya kaseti inaongeza unyevu tu. Pamba ya masikioni yenye spiriti inatosha. Petroli isiguswe, kwa maana inaharibu plastiki.

Anayetumia Game Boy Advance ajue jambo moja linalowachanganya wengi. Kifaa hicho kinacheza kaseti za Game Boy ya zamani, lakini kaseti ya flashi ya Advance haiwezi kuziendesha moja kwa moja. Ndani ya tundu kuna swichi ndogo inayobonyezwa na umbo la kaseti ya zamani. Ikibonyezwa, umeme unapanda kutoka volti 3.3 hadi 5 na kifaa kinageuka kuwa Game Boy. Kaseti ya Advance haina umbo hilo, kwa hiyo gemu za kale hupitia programu ya kuigiza iitwayo Goomba, na zile za Famicom hupitia PocketNES. Zote mbili ziliandikwa na watu waliofanya kazi hiyo kwa mapenzi na kuigawa bure.

Na usizime kwa haraka. Kaseti kadhaa huweka ulipofikia kwenye memori ya muda, kisha huipeleka kwenye kadi pale tu unaporudi kwenye orodha au unapowasha tena. Soma maelezo ya kaseti yako kabla ya kuipa usiku mzima wa Pokémon.

Mafaili yatoke wapi? Jibu langu ni kaseti zako mwenyewe. Kifaa kidogo kiitwacho GBxCart RW, kilichobuniwa Australia, huunganisha kaseti na kompyuta na kunakili gemu pamoja na kumbukumbu zake kabla betri haijafa. Sheria ya Tanzania ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, inayosimamiwa na ofisi ya hakimiliki, COSOTA, inalinda programu za kompyuta kama inavyolinda nyimbo na vitabu, na gemu ya mwaka 1996 bado ina mwenyewe. Msanii wa Mtwara anayelia kwamba nyimbo zake zinauzwa kwenye flashi barabarani ana haki ya kusikilizwa, na mtunzi wa gemu wa Japani anayo hiyohiyo.

Lakini mwenye mali naye ana la kujibu. Julai 2023 taasisi ya Video Game History Foundation ya Marekani ilionyesha kwamba asilimia 87 ya gemu za zamani zilizotolewa nchini humo zilikuwa haziuzwi tena. Kwa familia ya Game Boy, zilizokuwa zikiuzwa hazikufika asilimia 6. Miezi michache kabla, tarehe 27 Machi, Nintendo ilikuwa imefunga duka la mtandaoni la mashine yake ya 3DS, ambako gemu nyingi za Game Boy zilikuwa zimerudishwa sokoni. Kwa gemu nyingi, mtu wa Naliendele anayetaka kulipa hana wa kumlipa.

Naliendele tunakielewa kitu kinachoishi kwa kunakiliwa. Hapa ndipo kilipo kituo cha utafiti wa kilimo, TARI Naliendele, kinachojulikana nchi nzima kwa korosho na karanga. Mkorosho mzuri hauhifadhiwi kwa kuuzungushia uzio. Mti unazeeka, ubwiriunga unaupiga, unakufa. Wanachofanya ni kubebesha: kikonyo cha mti uliothibitika hufungwa juu ya mche mchanga, na mti uleule unaendelea kuzaa kwenye mizizi mingine. Karanga za aina ya Pendo zilizotolewa mwaka 1998 zipo hadi leo kwa sababu msimu baada ya msimu mtu fulani alizipanda tena. Memori ya flashi nayo haina umilele, kwani watengenezaji wengi huahidi kwamba maandishi yatakaa miaka 10 hadi 20 tu. Atakayeihifadhi gemu atalazimika kuibebesha tena na tena.

Kuna matumizi mengine ya kaseti hii ambayo naona yanatuhusu kuliko Pokémon. Kwa kuwa inakubali faili lolote lililoandikwa sawasawa, inakubali pia gemu mpya. Tangu mwaka 2019 kuna programu ya bure, GB Studio ya Chris Maltby, ya kutengenezea gemu za Game Boy bila kujua kuandika programu, na anayejua lugha ya C ana GBDK. Nimejaribu kulipima bao kwenye kioo hicho. Kina nukta 160 kwa 144. Ukitenga nukta 16 kwa 16 kwa kila shimo, mashimo nane yanachukua upana wa 128 na safu nne zinachukua urefu wa 64, na chini inabaki nafasi ya kutosha kuonyesha kete 22 ambazo kila mchezaji huanza nazo mkononi. Mashimo yote 32 yanahitaji baiti 32 za memori, na Game Boy ina baiti 8,192. Kete 64 za bao la Kiswahili zinaingia bila shida kwenye mashine ya mwaka 1989.

Kazi iliyobaki ni sheria: lini nyumba inalala na lini inasafiri, mchezaji akikosa cha kula anatakata vipi, awamu ya namu inaishia wapi na ya mtaji inaanzia wapi. Hayo hayamo kwenye memori kadi yoyote. Anayetaka kuyaandika atafute wazee wanaocheza jioni vijiweni, akae nao na daftari, awaulize wakiwa bado wapo.