Rangi Nyekundu Iliyoumbua Kifua Kikuu

Ramadhan moja hapa Muhoroni mjomba wangu, mkata miwa, alikohoa mwezi mzima. Yeye alisema ni moshi wa miwa inayochomwa, nyumbani wakanong'ona karogwa. Hospitali alikuwa haendi, akihofia kuambiwa asifunge. Tulipombembeleza akaenda, alirudi na kikopo tu: atie kohozi la anapoamka, kabla hajala. Basi likatoka saa kumi usiku, sisi tukipakua daku.

Nikajiuliza, hilo kohozi linaonyesha nini?

Bakteria wengi hawana rangi, chini ya hadubini utawaona kwa shida. Lazima wapakwe rangi. Wa kifua kikuu ndio wakaidi zaidi, maana ngozi yao imejaa nta, na rangi za kawaida huwapita kama maji juu ya jani la mgomba. Robert Koch alipowaonyesha wenzake mjini Berlin, tarehe 24 Machi 1882, alikuwa ameviloweka vipimo vyake kwenye rangi ya buluu karibu siku nzima.

Miongoni mwa waliomsikiliza alikuwamo Paul Ehrlich. Muda si mrefu alipata njia ya haraka, tena akagundua jambo kubwa: bakteria huyu akishashika rangi haiachii, hata umwoshe kwa asidi! Franz Ziehl akaongeza asidi ya kaboliki, na mwaka 1883 Friedrich Neelsen akaiunganisha na rangi nyekundu ya fuksini. Kohozi hupakwa kwenye kioo, likakaushwa, likamwagiwa nyekundu na kupashwa moto mpaka mvuke utoke, bila kuchemka. Kisha asidi huosha kila kitu isipokuwa huyo mkaidi. Mwisho hutiwa buluu. Ukichungulia unaona vijiti vyekundu kwenye uwanja wa buluu.

Ehrlich mwenyewe alikuja kukutwa navyo kwenye kohozi lake. Dawa hazikuwepo, akaenda kupumzika Misri mwaka 1888, na alipona.

Huku kwetu, Tanzania ilianza mpango wa taifa mwaka 1977 pamoja na Dkt. Karel Styblo: hadubini wilayani, kohozi, na mgonjwa kusimamiwa anapomeza dawa. Shirika la Afya Duniani likausambaza mfano huo miaka ya 1990.

Lakini tusidanganyane, vijidudu visipofika kama 10,000 kwa mililita hadubini haivioni. Ndiyo maana tangu 2010 shirika hilo linapendekeza mashine ya GeneXpert, inayotafuta chembe za urithi za bakteria. Hadubini imebaki kufuatilia kama dawa inafanya kazi, kwani mashine huweza kuwahesabu hata waliokufa.

Cha mjomba kilikuwa na vijiti. Alikula mchana mwezi ule, akameza vidonge miezi sita, na kikopo cha mwisho kikatoka safi. Siku alizokula alizilipa zote, huku akikata miwa.