Arthur Beetson

Arthur Henry Beetson (22 Januari 1945 – 1 Desemba 2011) alikuwa mchezaji na kocha wa raga ya wachezaji 13 kutoka jimbo la Queensland, Australia. Alicheza safu ya mbele, mara nyingi kama propu, na mara nyingine katika mstari wa pili. Anahesabiwa miongoni mwa mafowadi hodari kabisa katika historia ya mchezo huo, na ndiye mtu wa kwanza wa asili ya Waaborijini, wenyeji wa asili wa Australia, kuwa nahodha wa timu ya taifa ya Australia katika mchezo wowote.

Mchezo na kazi ya fowadi

Raga hii ilijitenga na ile ya wachezaji 15, inayojulikana zaidi Afrika Mashariki, mwaka 1895 huko Huddersfield, Uingereza. Klabu za kaskazini zilitaka kuwafidia wachezaji wao, wengi wakiwa wafanyakazi wa migodini na viwandani, ujira walioukosa kwa sababu ya mechi. Wakuu wa mchezo walikataa, na klabu hizo zikaenda zao.

Kila upande una mafowadi sita na mabeki saba. Timu ikiangushwa mara sita bila kufunga, inakabidhi mpira kwa wapinzani. Hivyo fowadi hupokea mpira akiwa mbioni, hujitosa kwenye ukuta wa wakabaji kutafuta mita chache, huinuka na kurudia. Mpira ukipotea, yeye ndiye wa kwanza kukaba.

Beetson alikuwa na mwili wa kazi hiyo, lakini sifa yake kubwa ilikuwa mikono. Wakabaji wawili au watatu wangemng'ang'ania kiunoni na miguuni, naye angehakikisha mkono mmoja unabaki huru na mpira uko juu. Kabla hajagusa ardhi, mpira ulishamfikia mwenzake anayekuja kwa kasi ubavuni. Kwa kuwa wakabaji watatu walikuwa wamekwama kwake, pengo lilikuwa wazi mahali pengine. Kwa namna hiyo propu, ambaye kwa kawaida hubeba mzigo ili wengine wafunge, alikuwa pia mpangaji wa mashambulizi.

Mwanzo na miaka ya Balmain

Beetson alizaliwa Roma, mji mdogo wa wafugaji ndani ya Queensland. Alijiunga na klabu ya Redcliffe, karibu na Brisbane, na mwaka 1965 akawa sehemu ya kikosi kilichotwaa ubingwa wa Brisbane. Mwaka 1966 alihamia Balmain ya Sydney, na mwaka huohuo akaitwa timu ya taifa kucheza dhidi ya Uingereza. Ikumbukwe kwamba kura ya maoni iliyofuta kifungu cha katiba kilichowaacha Waaborijini nje ya hesabu ya watu wa Australia ilipigwa Mei 1967. Alikwisha kuvaa jezi ya taifa kabla nchi haijakubali kumhesabu.

Miaka hiyo haikuwa rahisi. Wakosoaji walimwita mvivu na kudai pumzi yake haitoshi kumaliza mechi. Alikwenda Uingereza kuichezea Hull Kingston Rovers, akavunjika mguu. Mwaka 1969 Balmain iliifunga South Sydney 11–2 katika fainali ya ubingwa, lakini Beetson alikuwa amefungiwa na hakucheza.

Eastern Suburbs

Mwaka 1971 alihamia Eastern Suburbs, na hapo ndipo kipaji chake kilipokomaa. Kocha Jack Gibson, aliyerejea klabuni mwaka 1974, alisisitiza mazoezi ya mwili na kupunguza makosa, na alimwamini Beetson kama kiongozi. Akiwa nahodha, alitwaa ubingwa mwaka 1974 kwa kuifunga Canterbury-Bankstown 19–4, na tena mwaka 1975 kwa kuibamiza St George 38–0. Msimu huo wa 1975 timu ilishinda mechi 19 mfululizo.

Timu ya taifa

Mwaka 1973, katika ziara ya Ulaya, Beetson aliiongoza Australia dhidi ya Ufaransa. Uteuzi huo ulikuwa na uzito mkubwa katika nchi ambayo Waaborijini walizoea kusifiwa kwa kasi na vipaji lakini si kukabidhiwa uongozi. Mwaka 1977 aliiongoza tena Australia kutwaa Kombe la Dunia mjini Sydney, kwa kuifunga Uingereza 13–12.

State of Origin

Kabla ya mwaka 1980, mchezaji aliwakilisha jimbo la klabu yake, si jimbo alikotoka. Klabu za Sydney zilikuwa na fedha zaidi, zikawavuta nyota wa Queensland, na nyota hao wakawa wanaifunga Queensland kwa niaba ya New South Wales, jimbo la Sydney. Beetson mwenyewe alikuwa mmoja wao.

Tarehe 8 Julai 1980, katika uwanja wa Lang Park mjini Brisbane, ilichezwa mechi ya kwanza ya kuwarudisha wachezaji kwenye majimbo yao ya asili. Beetson alikuwa na umri wa miaka 35 na tayari ameshushwa katika kikosi cha akiba cha klabu yake ya wakati huo, Parramatta, lakini Queensland ilimpa unahodha. Alicheza bila huruma hata kwa Mick Cronin, mwenzake wa Parramatta aliyekuwa upande wa pili. Mal Meninga, aliyetimiza miaka 20 siku hiyo, alipiga mipira saba ya goli na yote ikapita. Queensland ilishinda 20–10, na shindano hilo la State of Origin sasa ndilo linalotazamwa zaidi katika raga ya Australia.

Ukocha, heshima na kifo

Alipoacha kucheza, Beetson aliifundisha Queensland kuanzia 1981 hadi 1984, na tena 1989 na 1990. Pia alizifundisha Eastern Suburbs na Cronulla, kisha akawa msaka vipaji. Mwaka 2003 alikuwa mchezaji wa saba kupewa hadhi ya juu kabisa ya mchezo huo Australia, ile ya wachezaji wasiosahaulika. Mwaka 2008 alichaguliwa propu katika timu bora ya karne.

Alifariki kwa mshtuko wa moyo akiendesha baiskeli Gold Coast, akiwa na umri wa miaka 66. Ibada ya kumkumbuka ilifanyika Lang Park, na mwaka 2012 sanamu yake ilisimamishwa uwanjani hapo. Kwa Waqueensland, na kwa Waaborijini wa nchi nzima, hakuna fowadi aliyestahili heshima hiyo zaidi yake.