Habari za Kambi za Askari wa Kiingereza, na Jinsi Zilivyofungwa



Katika taarifa ya mwaka huu, baada ya hesabu za fedha na habari za misiba, tumeona vema kuweka kurasa chache juu ya kambi za askari wa Kiingereza katika nchi yetu. Sababu yake ni hii. Kila tukutanapo barazani hurudi shauri la watu wetu wa Mnarani waliofuata kazi penye jengo kubwa, la serikali au la kampuni, na siku lilipofungwa wakarudi nyumbani mikono mitupu. Jambo hili si geni, na kambi za askari zatuonyesha wazi namna linavyotendeka.

Askari wa kwanza waliojulikana sana huku ni wale wa Keya, yaani King's African Rifles, jeshi lililoundwa mwaka 1902. Hatukuwajua kwa wema. Serikali ilitaka vibarua na wachukuzi kutoka kwa Wagiriama, nao wakakataa. Mekatilili wa Menza na Wanje wa Mwadorikola wakakamatwa mwaka 1913 na kupelekwa mbali magharibi. Agosti 1914 Kaya Fungo ikalipuliwa kwa baruti, watu wakapigwa risasi, na baadaye wakatozwa faini ya rupia 100,000. Hayo wazee wanayajua kuliko sisi, wala hatuna haja ya kuyarefusha. Twayataja ili ikumbukwe kwamba tangu mwanzo kambi ilikuwa kitu kilicholetwa bila ya wenyeji kuulizwa.

Sasa tuje kwenye kambi ya Mackinnon Road, maili 60 hivi kutoka Mombasa katika njia ya reli. Jina ni la Sir William Mackinnon, mkuu wa kampuni ya Kiingereza iliyotangulia serikali, ambaye kampuni yake ilianza kukata njia ya mikokoteni kwenda bara katika miaka ya 1890. Mahali penyewe ni nyika kavu, miiba na vumbi jekundu, maji haba. Wasafiri wengi wanapakumbuka kwa msikiti ulio kando ya reli, penye kaburi la Sayyid Baghali Shah, ambapo madereva husimama kuomba dua kabla ya kuendelea na safari.

Katika nyika hiyo Waingereza waliamua, mwaka 1947, kujenga ghala kubwa la zana za vita. Ukitaka kujua kwa nini, lazima utazame mbali. Bara Hindi ilipata uhuru wake Agosti 1947. Palestina waliiacha Mei 1948. Na Wamisri walikuwa wakiwataka waondoke katika Mfereji wa Suez. Vyombo vya jeshi lililokuwa likitoka huko kote vilihitaji pa kuwekwa, na wakubwa wa London walipofungua ramani wakaona Kenya, yenye bandari ya Kilindini na reli. Basi miti ikang'olewa, mabanda yakasimamishwa, uwanja wa ndege ukatengenezwa, na vibarua wakaitwa. Mwaka ule ule, mwezi wa Januari, Mombasa ilikuwa imesimama siku 12 kwa mgomo mkuu wa wafanya kazi, mishahara haitoshi na kodi za nyumba zimepanda. Kwa mtu wa pwani aliyetafuta shilingi, kazi ya jeshi ilikuwa habari njema.

Habari njema hiyo haikudumu. Bandari ilikuwa imesongwa na shehena, reli ni moja tu, na Kenya iko mbali mno na nchi zile walizotaka kuzilinda. Tena Waingereza walibaki Suez kuliko ilivyodhaniwa. Mapatano ya kuondoka hayakutiwa sahihi ila Oktoba 1954. Mapema katika miaka ya 1950 mpango wa Mackinnon Road ulikuwa umeachwa. Shauri la kuanza lilikatwa London, na la kuacha vivyo hivyo.

Yaliyofuata ni ya kuhuzunisha. Hali ya hatari ilitangazwa Oktoba 1952, na Aprili 1954 Nairobi ilipozingirwa, watu maelfu kwa maelfu, wengi wao Wakikuyu, Waembu na Wameru, walikamatwa na kupelekwa vizuizini Lang'ata, Manyani na Mackinnon Road. Mabanda yaliyokusudiwa zana yakawekwa binadamu. Hatudhani kwamba aliyeyachora alikusudia hivyo; lakini majengo yasiyo na kazi yalikuwa tayari, na aliyeyahitaji kwanza ndiye aliyeyatwaa.

Kambi ya Kahawa, maili 10 hivi kutoka Nairobi katika barabara ya Thika, ilikuwa na mwisho mwingine. Baada ya kutoka Suez mwaka 1956, Waingereza walitaka mahali pa kuweka askari wa akiba, wawe karibu na Uarabuni; Julai 1961 askari waliokuwa Kenya walipelekwa Kuwait. Kahawa ilijengwa imara, kwa mawe, wakaiita Templer Barracks. La ajabu ni kwamba mkutano wa Lancaster House wa mwaka 1960 ulikuwa umekwisha kuonyesha kwamba utawala ungehamia kwa Waafrika. Uhuru ulikuja tarehe 12 Desemba 1963, na ikakubaliwa kwamba askari wa Kiingereza waondoke katika muda wa mwaka mmoja. Januari 1964, askari wetu walipoasi kule Lanet, hao Waingereza waliobaki ndio walioitwa kuzima maasi. Hata hivyo tarehe haikusogezwa, na Desemba 1964 wakaondoka.

Hapa kufungwa kulijulikana mapema, na waliokabidhiwa walikuwa na haja yao. Nchi ilikosa walimu. Mwaka 1965 kambi ikawa Chuo cha Kenyatta. Mwaka 1970 kikaunganishwa na Chuo Kikuu cha Nairobi, na mwaka 1985 kikawa Chuo Kikuu kamili. Mahali walipolala askari wamesoma maelfu ya vijana, na wengine ni watoto wa wilaya yetu.

Wako watakaosema kwamba Waingereza hawakuondoka kabisa, nao wasema kweli, kwa kuwa kwa mapatano wanaendelea kufanya mazoezi Nanyuki. Lakini hilo ni shauri jingine.

Sisi wa Mnarani tunayo kambi yetu, ingawa haikuwa na bunduki. Mpaka mwaka 1991 magari yote ya Mombasa na Malindi yalingoja feri hapa kwetu, na akina mama waliuza korosho, samaki na machungwa kwa wasafiri waliokaa foleni. Daraja lilipofunguliwa magari yakapita juu. Daraja lilionekana likijengwa, nguzo baada ya nguzo, lakini hatukumbuki mkutano hata mmoja wa kuuliza wale akina mama watauza wapi.

Halmashauri inawaomba wazee wetu, au watoto wao, wenye habari za watu wa huku waliofanya kazi Mackinnon Road, wamwone Katibu. Yatakiwa majina, mahali walipotoka, kazi waliyofanya na malipo waliyopewa, ili yaandikwe katika kitabu cha Chama kabla ya mkutano mkuu ujao.