Kabla ya minara, Usukuma uliitana kwa mwano

Novemba 2024 kampuni ya simu ya Tigo iliacha jina lake na kuitwa Yas. Kuanzia Shinyanga mjini hadi Kahama, Katoro na Geita, vibanda vya mawakala vikapaswa kubadili maandishi. Hilo lilikuwa jina la nne kwa kampuni iliyoingia sokoni mwaka 1994 ikiitwa Mobitel, ikawa Buzz, kisha Tigo. Kila kampuni ya simu inapobadili jina, historia ya mawasiliano nchini husimuliwa upya kana kwamba ilianza siku simu ya kwanza ya mkononi ilipolia Dar es Salaam. Kwa ukanda huu wa almasi na dhahabu, kuanzia hapo ni kuacha nusu ya habari.

Waya wa simu ulikuja kwa ajili ya mizigo. Reli kutoka Tabora ilifika Mwanza mwaka 1928 ikipitia Shinyanga. Njia ilikuwa moja tu, kwa hiyo stesheni zililazimika kuulizana kabla ya kuruhusu treni, na nguzo za simu zikaambatana na reli. Pamba ikasafirishwa kwa njia hiyo. Mwaka 1940 John Williamson, mjiolojia kutoka Kanada, aligundua almasi Mwadui, ukajengwa mji mzima ndani ya uzio. Geita nako dhahabu ilichimbwa tangu miaka ya 1930 hadi mgodi wa zamani ulipofungwa mwaka 1966. Penye mzigo wa kusafirisha palikuwa na mtu wa kupigiwa simu. Kijiji kilichokuwa mbali na mzigo huo kilitegemea baiskeli, basi na sanduku la posta la shule au la misheni. Taarifa ya msiba ilikuja kwa simu ya maandishi, iliyolipiwa kwa hesabu ya maneno, na mara nyingi ilimfikia mhusika wakati matanga yamekwisha.

Lakini vijiji hivyo havikuwa kimya. Vilikuwa na mwano, ukelele wa hatari ambao Msukuma au Mnyamwezi hakuruhusiwa kuusikia akaendelea na shughuli zake. Aliyevamiwa na wezi usiku, aliyeshambuliwa na mnyama au aliyeibiwa ng'ombe alipiga mwano. Aliyeusikia alitoka, na akiwa anatoka naye aliupiga, ukavuka mbuga hadi kwa jirani wa mbali zaidi. Asiyeitika alitozwa faini au alitengwa: hakuna wa kumpa moto, hakuna wa kumsaidia kuzika. Naomba msomaji aitazame kanuni hiyo kwa makini, kwa sababu hakuna kampuni ya simu iliyowahi kuwa nayo: aliyepokea ujumbe aliwajibika kuupeleka mbele.

Mwanaanthropolojia Ray Abrahams wa Chuo Kikuu cha Cambridge, aliyewafahamu Wanyamwezi tangu miaka ya 1950, na mwanasheria wa Kitanzania Sufian Bukurura, aliyefanya utafiti wake Kahama, wote wawili waliandika kwa kina juu ya kilichotokea mwano ulipogeuka kuwa jeshi. Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya 1980. Vita vya Kagera vilikuwa vimekwisha, silaha zimezagaa, maduka hayana bidhaa, na ng'ombe waliibwa kwa makundi makubwa. Polisi walikuwa wachache na mbali, na kituo kilichokuwa na simu ya upepo hakikuwa lazima kiwe na petroli ya kumfuata mwizi.

Katika mpaka wa Shinyanga na Kahama wanavijiji wakajipanga wenyewe. Kila kijiji kikachagua kiongozi na kumwita ntemi, ingawa utawala wa watemi ulikuwa umefutwa na serikali tangu mwaka 1963. Kila mwanamume akatakiwa kuwa na upinde, mishale na filimbi. Ng'ombe wakiibwa, filimbi ililia, mwano ukapokelewa, na vijana wakafuata nyayo. Zikifika mpakani mwa kijiji, kijiji cha pili kilizipokea na kuendelea nazo, usiku kucha ikibidi. Mwizi aliyekuwa na bunduki na saa kadhaa za kutangulia alijikuta kila anakoelekea habari zake zimemtangulia. Hilo ndilo lililokuwa Sungusungu, na ndani ya muda mfupi lilikuwa limeenea Usukuma na Unyamwezi nzima.

Ugomvi ukaanzia hapo. Polisi na mahakimu waliona mamlaka yao yananyakuliwa na watu waliohukumu chini ya mti, waliotoza faini za ng'ombe na kuwachapa watuhumiwa, na baadhi ya wana-Sungusungu walishtakiwa mahakamani. Chama tawala kiliona jambo jingine: wananchi wanaojilinda wenyewe, kama siasa ya kujitegemea ilivyohubiri, na viongozi wake wa juu wakawaunga mkono. Kwa miaka kadhaa kijana wa kijijini aliweza kusifiwa na katibu wa Chama kwa jambo lilelile lililomfikisha kizimbani. Bunge lilipotunga sheria mwaka 1989 na kuliingiza jeshi hilo katika mfumo wa mgambo, lilihalalisha kitu kilichokuwa kimekwisha kuota mizizi.

Haitakuwa haki kuwasifu tu. Filimbi zilezile zilitumika dhidi ya watu waliotuhumiwa uchawi, wengi wao wanawake wazee. Walifukuzwa vijijini, na wengine waliuawa. Mtandao ambao kila anayeusikia analazimika kuitika ni hatari kubwa pale ujumbe wenyewe unapokuwa uongo. Wanaofuatilia uvumi unaosambaa siku hizi katika makundi ya WhatsApp watalielewa hilo haraka.

Simu rasmi nayo ilikuwa na mwendo wake wa kinyonga. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977, shirika la pamoja la posta na simu nalo lilikufa, Tanzania ikaanzisha lake. Januari 1994 likagawanywa, na kampuni ya TTCL ikabaki na simu. Hadi mwaka 2000 nchi nzima ilikuwa na laini za mezani takriban 170,000. Februari 2001 serikali iliuza asilimia 35 ya TTCL kwa ubia wa MSI ya Uholanzi na Detecon ya Ujerumani kwa dola za Marekani milioni 120. Wabia walilipa milioni 60, kisha wakakataa kulipa zilizosalia wakibishia hesabu za kampuni. Kampuni ya simu za mkononi ya Celtel ikazaliwa ndani ya TTCL mwaka huohuo, ikatoka kivyake mwaka 2005, na TTCL ikaachwa na waya zake. Serikali ilizirejesha hisa zile mwaka 2016. Kwa mtu aliyengoja laini ya mezani miaka na miaka, mauzo yale yalikuwa hasara tupu.

Dhahabu ndiyo iliyoharakisha mambo huku. Mgodi mpya wa Geita ulifunguliwa mwaka 2000, Bulyanhulu mwaka 2001, Buzwagi mwaka 2009. Penye mishahara kampuni za simu zilifuata, na penye maduara ya wachimbaji wadogo zilifuata pia, kwa kuwa mchimbaji ni mteja anayehama na fedha mkononi. Enzi za kukwangua vocha na kubipu hazikudumu sana kabla ya Vodacom kuleta M-Pesa mwaka 2008, na mchimbaji akaweza kutuma fedha nyumbani bila kumkabidhi kondakta wa basi bahasha. Serikali ilipoweka tozo kwenye miamala Julai 2021, kati ya shilingi 10 na 10,000 kwa muamala, malalamiko yalikuwa makubwa kiasi kwamba Septemba ilipunguzwa kwa asilimia 30. Bei ya dhahabu nayo ikaanza kujulikana kwa simu. Tangu soko la madini la Geita lilipozinduliwa Machi 2019, mchimbaji mwenye kitochi anaweza kuuliza bei ya siku kabla ya kupanda bodaboda.

Hata hivyo mawimbi ya simu hayapenyi mwamba. Oktoba 2015 wachimbaji walifukiwa Nyangalata, wilayani Kahama, na watano kati yao walitolewa wakiwa hai baada ya siku 41. Januari 2017 watu 15 walinaswa chini ya ardhi katika mgodi wa RZ Union huko Nyarugusu, Geita. Siku tatu waokoaji walihangaika, na habari kwamba wote wako hai ilitoka kwenye karatasi iliyoandikwa huko chini na kupitishwa kwenye bomba. Nchi iliyofikisha laini za simu zaidi ya milioni 70 mwaka 2023 bado inawashusha wachimbaji wadogo shimoni bila simu ya waya ya kuongea na walio juu, kifaa ambacho migodi ya dunia inakijua tangu karne iliyopita. Mei 2023 serikali ilisaini mikataba ya kujenga minara 758 vijijini, na ni jambo la kushukuru. Simu ya waya ya shimoni ni rahisi kuliko mnara mmoja, na leseni ya uchimbaji ingeweza kuidai.

Makumbusho ya Bujora, Kisesa, yanatunza ngoma na vifaa vya watemi wa Kisukuma. Filimbi ya Sungusungu, simu ya kukoroga ya stesheni na simu ya upepo ya misheni vinastahili chumba hapo, pamoja na sauti za watu waliovitumia zikiwa zimerekodiwa. Kijana aliyekimbia na upinde usiku mmoja wa mwaka 1982 sasa ana miaka sitini na zaidi. Wengi bado wapo, na wanajua nani alipiga mwano, nani aliupokea, na ng'ombe walipatikana wapi.