Kishona Nguo: Jina la Gugu na Habari za Kilwa

Atembeaye kwa miguu katika pwani ya Kilwa na Lindi baada ya masika hufika aendako na mbegu nyeusi, nyembamba kama sindano, zimejipanga katika pindo la nguo yake. Ndizo mbegu za kishona nguo, mmea wa mwaka mmoja wa jamii ya alizeti, ambao Linnaeus aliuandika mwaka 1753 kwa jina la Bidens pilosa. Ua lake ni dogo, la manjano, pengine limezungukwa na petali chache nyeupe. Kila mbegu ina meno mawili au matatu yenye vijiba vilivyoelekea nyuma; kwa hiyo huingia kwa wepesi na kutoka kwa taabu.

Wengi hudhani ni gugu la nchi hii tangu na tangu. Sivyo. Asili yake ni nchi za joto za Amerika. Basi Ibn Battuta alipofika Kilwa mwaka 1331 hakuondoka na mbegu hizi katika kanzu yake, wala mafundi waliojenga Husuni Kubwa hawakuujua mmea huu. Kabla ya Columbus kuvuka bahari mwaka 1492 haukuwa na njia ya kutufikia. Wareno waliiteka Kilwa Julai 1505, na katika karne zilizofuata mimea mingi ya Amerika iliingia pwani.

Hapa lugha yenyewe ndiyo shahidi. Papai na nanasi yalikuja na majina ya kigeni. Mahindi yalipewa jina la Uhindi, ingawa si ya huko. Vitu hivi vililetwa kwa makusudi, vikapita mkono kwa mkono, na atoaye hutaja jina la akitoacho. Kishona nguo hakikutolewa na mtu. Waliokutana nacho njiani walikiita kwa tendo lake, kama walivyokiita kifauwongo, ambacho nacho asili yake ni Amerika, kwa kuwa hukunja majani kiguswapo. Majina ya namna hii hayakutoka forodhani. Yametoka vinywani mwa wapita njia na wapalizi. Nami sioni kuwa jambo hili ni dogo. Tarikhi ya Kilwa na maandiko ya Wareno yatutajia masultani, vita, na dhahabu ya Sofala. Mchukuzi na mpalizi hawasemi humo. Katika jina hili wamesema.

Tena twaona kwamba walitaja nguo. Kilwa ulikuwa mji wa nguo tangu zamani: Neville Chittick, aliyechimbua magofu yake katika miaka ya 1960, alipata vigurudumu vya udongo vilivyotumiwa katika kusokota uzi. Baada ya mapatano ya Seyyid Said na Wamarekani, mwaka 1833, kitambaa chao kilienea pwani na bara kwa jina la merikani. Ajabu ni hii: kitambaa kilichukua jina la nchi ya waliokiuza, na mbegu iliyotoka upande ule ule wa dunia ikakishika kitambaa hicho bila mtu kujua itokako.

Njia kuu ya kusini ilitoka Ziwa Nyasa hadi Kilwa Kivinje. Nguo zilipanda, pembe na watumwa wakashuka, hata baada ya mkataba wa Barghash na Waingereza wa mwaka 1873 kukataza kuwasafirisha watumwa baharini. Mateka katika minyororo walikuwa na nguo chache za kushonwa.

Gugu hili hupenda ardhi iliyolimwa kuliko msitu. Wajerumani walipowalazimisha watu kulima pamba, palizi yake iliangukia wakati ule ule wa palizi ya chakula. Julai 1905, huko Nandete, Wamatumbi waliing'oa pamba hiyo, na Vita vya Maji Maji vikaanza. Baada ya vita ilikuja njaa. Katika shamba lililoachwa magugu ndiyo hutangulia kurudi. Na majani machanga ya kishona nguo, ambayo mpalizi huyatupa kando ya shamba, ni mboga. Huchemshwa, maji ya kwanza yakamwagwa kupunguza uchungu, kisha hupikwa.