Claude Bessy na Shule ya Baleti ya Opera ya Paris: Mpangilio Dhidi ya Woga

Masimulizi mengi kuhusu wacheza baleti huishia pale mwili unapochoka. Miaka ya kufundisha inayofuata hupewa aya moja ya heshima, kisha ukurasa unafungwa. Maisha ya Claude Bessy wa Ufaransa hayasomeki hivyo. Makala hii inadai kwamba kazi yake kubwa ilikuwa kuijenga upya shule, na kwamba ubora wa shule hiyo ulitokana na mpangilio wake, si na ukali ulioambatana nao.

Uchezaji wake tuueleze kwa ufupi. Alizaliwa Paris mwaka 1932, akaingia kundi la baleti la Opera ya Paris mwaka 1945 akiwa bado mtoto, na mwaka 1956 akapanda hadi étoile, daraja la juu kabisa la kundi hilo. Gene Kelly wa Marekani alimshirikisha katika filamu yake, Invitation to the Dance. Mwaka 1960 Kelly huyo huyo alimtungia Pas de dieux, kwa muziki wa Gershwin, katika Opera hiyo hiyo.

Mwaka 1972 alikabidhiwa shule ya kundi hilo, ambayo asili yake ni amri ya Mfalme Louis XIV ya mwaka 1713. Watoto walikuwa wakifunzwa ndani ya Palais Garnier, jumba la Opera lililojengwa kwa ajili ya maonyesho ya watu wazima. Bessy alipanua mtaala: pamoja na baleti ya asili, wanafunzi walijifunza muziki, maigizo ya bubu, ngoma za jadi za Ulaya na dansi za kisasa. Kuanzia mwaka 1977 alifungua milango. Madarasa yalipandishwa jukwaani na umma ukaalikwa kutazama mwalimu akifundisha, kuanzia kwa wanafunzi wadogo kabisa. Naliona hili kuwa tendo lake la kielimu lenye uzito mkubwa kuliko yote. Maarifa yaliyokuwa yakirithishwa faraghani sasa yaliweza kuonwa, kulinganishwa na kuhojiwa.

Mwaka 1987 shule ilihamia Nanterre, magharibi mwa Paris, katika jengo lililosanifiwa na Christian de Portzamparc. Humo mna sehemu tatu zilizounganishwa: kumbi za dansi, madarasa ya masomo ya kawaida, na bweni. Asubuhi mtoto husoma hisabati na lugha, na mchana hucheza. Kwa hiyo yule ambaye mwili wake utamwangusha akiwa na miaka 15 hatoki mikono mitupu. Katika fani inayoacha wengi njiani, hiyo ni haki ya msingi.

Lakini kuna upande mwingine, na mtafiti mwaminifu hawezi kuupita. Mwaka 2002 ripoti kuhusu mazingira ya kazi katika Opera ilikosoa vikali nidhamu ya shule na kuzungumzia vitisho vya kisaikolojia dhidi ya wanafunzi. Bessy aliutetea utaratibu wake. Hoja ya watetezi wa ukali inaeleweka. Samaki mkunje angali mbichi, na nyonga za mcheza baleti hazifunguki vizuri mifupa ikishakomaa. Hata hivyo, hoja hiyo inathibitisha haja ya kuanza mapema tu. Haithibitishi haja ya kumtia mtoto hofu.

Mfano wa mcheza baleti Sylvie Guillem unasaidia hapa. Alikuja shuleni mwaka 1977 akitoka kwenye mazoezi ya viungo, na Bessy akaona uwezo wake. Mwaka 1984, Guillem akiwa na miaka 19, Rudolf Nureyev, aliyekuwa mkurugenzi wa kundi la baleti la Opera, alimtangaza kuwa étoile. Kilichomfikisha hapo ni jicho la mwalimu lililotambua kipaji nje ya njia ya kawaida, na shule iliyokuwa tayari kukipokea. Hakuna kati ya hayo mawili linalohitaji woga.

Bessy aliondoka mwaka 2004, nafasi yake ikachukuliwa na Élisabeth Platel, étoile aliyepitia shule hiyo hiyo chini ya uongozi wa Bessy. Wanaoendesha vyuo vya sanaa wana mengi ya kuchukua kwa Bessy: ratiba, mtaala mpana, bweni lililo karibu na darasa, na milango iliyo wazi kwa umma. Ukali wake wauache.