Daftari Nililolichana

Mwaka 1984, nikiwa mwalimu mkuu wa shule moja ya msingi, nilikamata daftari la hisabati la mvulana wa darasa la sita. Kurasa za nyuma alikuwa amenichora mimi: tumbo mbele, fimbo mkononi, kinywa kipana kama cha kiboko wa Ziwa Babati. Kila ukurasa fimbo ilishuka kidogo. Ukizipekua kurasa haraka, mwalimu mkuu alikuwa anachapa! Nilimtandika viboko vinne, nikalichana daftari mstarini mbele ya wenzake.

Sikujua kuwa mtoto yule alikuwa ameigundua, peke yake, siri ya katuni zinazotembea. Sekunde moja ya filamu ni picha 24; hata mchoro mmoja ukitumika mara mbili, bado inahitajika michoro 12, nawe hujamaliza kupepesa macho.

Mwaka huohuo wa 1984 Waingereza walianza kuonyesha katika televisheni Spitting Image, vikaragosi vya mpira vyenye sura za wakubwa wao zilizotiwa chumvi. Wafaransa wakafuata na vyao mwaka 1988. Sisi tulikuwa na Chakubanga wa Christian Gregory katika gazeti la Uhuru, tukimcheka na kujiona. Televisheni Tanzania Bara ilikuwa bado. Ilitufikia mwaka 1994.

Lakini kijana wetu mmoja alifika mbali. Godfrey Mwampembwa, yaani Gado, alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1969. Aliingia Chuo cha Ardhi kusomea usanifu wa majengo, akaacha, na mwaka 1992 akahamia Nairobi kuchorea gazeti la Nation. Baadaye alikwenda Vancouver, Kanada, kusomea katuni zinazotembea. Mwaka 2009 kipindi chake, The XYZ Show, kikaanza katika Citizen TV ya Kenya. Vikaragosi vya mpira vya Rais Kibaki na Waziri Mkuu Raila Odinga vilichezeshwa kwa mikono, waigizaji wakivitilia sauti, na wananchi wakacheka mambo ambayo awali yaliwaliza.

Kicheko hicho kina gharama. Januari 2015 Serikali yetu ililizuia gazeti la The East African, kwa hoja kwamba halikusajiliwa nchini. Siku chache kabla, lilikuwa limetoa katuni ya Gado juu ya Rais Kikwete. Mwaka 2016 mkataba wake na Nation haukuendelea. Yeye akaendelea kuchora kwingine.

Ndugu msomaji, niliposoma habari hizo nyumbani kwangu Nangara niliwalaumu wakubwa kwa kukosa uvumilivu. Kisha nikalikumbuka lile daftari. Nyani haoni kundule.

Miaka michache iliyopita nilikutana na yule mvulana stendi ya Babati. Sasa ana mvi, anauza mbao. Alinivua mzigo mkononi, akanipa shikamoo. Nikamwuliza kama bado anachora.

Akacheka. "Aa, Mwalimu, niliacha siku ileile. Ulinisaidia, nikashika hesabu."

Alisema kwa moyo mweupe, na alinishukuru. Nimekaa na shukrani hiyo hadi leo, sijui niiweke wapi.